Wingu jeusi limepita, jeupe limenilowesha: la mvua ni lipi?

Swali: Assalamu alaikum, mwalimu. Mimi ni mkulima wa karafuu huku Wete, Pemba. Juzi baada ya alasiri kulitokea wingu jeusi tititi upande wa bahari. Tukakimbia mimi na wanangu, tukaanua karafuu zote majamvini na kuzirundika ndani. Halikudondosha hata tone. Jana mbingu ilikuwa nyeupe tu, kama maji yaliyotiwa maziwa, weusi haukuonekana popote. Tukaziacha nje, nikaenda kwa jirani kumsaidia kuchambua karafuu kutoka kwenye makonyo yake. Saa nane ikaanza mvua ya taratibu, haikukata mpaka magharibi. Karafuu za siku tatu zimelowa. Nifundishe, wingu la mvua linajulikana kwa nini?

Jibu: Waalaikumu salamu, mwanangu. Pole sana. Nimekulia kwenye nyumba yenye majamvi uani, najua inavyouma karafuu ya siku tatu ikilowa. Ile rangi nzuri iliyokwishaanza kuja inapotea, na ukizirundika zingali na unyevu zinapata joto ndani kwa ndani na kuvunda. Baadaye nikafanya kazi ya kuangalia hali ya hewa kwa miaka 31, visiwani na bara, basi swali lako limenigusa kwa pande zote mbili.

Wahenga walisema dalili ya mvua ni mawingu, na walisema kweli. Lakini watu wengi wameifupisha methali ile vichwani mwao ikawa "dalili ya mvua ni wingu jeusi", na hapo ndipo karafuu zinapolowa. Weusi wa wingu unakueleza zaidi jua liko wapi kuliko mvua iko wapi.

Tuchukue lile la juzi. Umesema lilitokea baada ya alasiri, upande wa bahari, na bahari yenu Wete iko magharibi. Saa zile jua nalo liko magharibi, kwa hiyo wingu lilisimama kati yako na jua. Ulikuwa unatazama upande wake wa kivulini. Mtu akisimama mlangoni na mwanga uko nyuma yake, uso wake unauona mweusi hata awe mweupe kama chokaa. Mvuvi aliyekuwa kwenye ngarawa huko Mkondo wa Pemba, upande wa pili wa wingu lile lile, aliliona jeupe linang'aa. Wala halikuwa lazima liwe kubwa. Wingu la wastani tu, nene kiasi cha kuzuia mwanga, likiwa na jua nyuma yake linatisha kuliko thamani yake.

Kwa hiyo weusi wa magharibi wakati wa alasiri, na weusi wa mashariki wakati wa asubuhi, upunguzie nusu ya hofu. Wingu likiwa jeusi huku jua liko mgongoni mwako na linalimulika sawasawa, hilo ni jambo jingine kabisa. Maana yake wingu ni refu hata limejitia kivuli lenyewe. Hilo lianulie.

Sasa nikueleze wingu linavyofanyika, kwa sababu ukilijua hilo huhitaji kukariri majina. Hewa ya Pemba imejaa mvuke wa bahari. Ikipanda juu inapoa, na kila kilomita moja ya kupanda inapoteza nyuzi 10 hivi za joto. Ikifika mahali haiwezi tena kubeba ule mvuke, mvuke unashikana na vumbi na chembe za chumvi na kuwa vitone. Pale vitone vinapoanzia ndipo kitako cha wingu kilipo. Ndiyo maana mawingu mengi ya mchana yana kitako kilichonyooka kama kimekatwa kwa kisu, yote kwa kimo kimoja: yote yamefika mstari ule ule.

Kimo hicho tulikuwa tunakikadiria kwa hesabu nyepesi. Chukua joto la hewa, toa kiwango cha umande, yaani joto ambalo hewa ile ikipozwa hadi hapo inaanza kutoa umande, kisha zidisha kwa mita 125. Siku ya vuli Pemba joto likiwa 30 na kiwango cha umande 24, tofauti ni 6, kitako cha wingu kiko kama mita 750 juu yako. Mwishoni mwa kiangazi Dodoma joto linaweza kuwa lile lile 30 lakini kiwango cha umande ni 10 tu, na kitako kinapaa hadi mita 2,500. Nilipokuwa kazini huko nilikuwa naona mvua ikining'inia chini ya wingu kama mikia ya kijivu, halafu mikia ile inakatika hewani kabla ya kugusa ardhi. Mvua imetoka kweli, imekauka njiani. Mgeni anasema wingu limedanganya. Wingu limenyesha, ila ardhi ilikuwa mbali mno na hewa ilikuwa na kiu.

Kumbuka jambo moja zaidi. Kitone cha wingu kina upana wa kama milimita 0.02. Kinashuka kwa mwendo wa sentimita moja kwa sekunde, mwendo ambao pumzi ndogo ya hewa inayopanda inatosha kukirudisha juu. Tone la mvua la kawaida lina milimita 2. Piga hesabu utaona kwamba tone moja la mvua ni vitone kama milioni moja vilivyoungana. Kuungana huko kunataka muda na kunataka nafasi ya kugongana. Wingu jembamba halina hata kimoja kati ya hivyo viwili, hata liwe jeusi vipi. Ndiyo sababu swali la kuuliza wingu ni moja: una unene gani kwenda juu?

Hapa watu wa visiwani tuna hali yetu. Chumvi ya bahari hutengeneza vitone vichache lakini vikubwa, na vikubwa hugongana upesi. Wingu la unene wa kilomita tatu tu juu ya Pemba linaweza kukupa mvua ya kulowesha jamvi, na la namna hiyo hiyo juu ya Dodoma likapita kimya. Basi usimsikilize sana ndugu yako wa bara akikwambia wingu lile ni dogo.

Majina ya kitabuni nitayataja kwa ufupi. Mwaka 1802 mtu mmoja wa London aitwaye Luke Howard, kazi yake ilikuwa kutengeneza na kuuza dawa, alisimama mbele ya wenzake akapendekeza mawingu yapewe majina ya Kilatini: sirasi, yaani nywele zilizojikunja, kumulasi, rundo, stratasi, kitu kilichotandikwa, na nimbasi kwa lenye mvua. Leo vitabu vinahesabu jamii 10, lakini nyingi ni maneno hayo hayo yaliyounganishwa kwa kufuata kimo. Wewe unayeshughulika na karafuu huyahitaji yote. Shika mawili: rundo na jamvi. Kuna mawingu yanayorundikana kwenda juu, na kuna mawingu yanayotandikwa kwenda pembeni. La juzi lilikuwa rundo. La jana lilikuwa jamvi. Mvua zake hazifanani, na dalili zake hutafuti mahali pamoja.

Nianze na rundo, ambalo ndilo linalokimbiza watu.

Asubuhi saa tatu au saa nne, jua likishapasha ardhi, utaona vipande vyeupe kama pamba vinazaliwa juu ya kisiwa. Vingi havina madhara. Chagua kimoja. Simama chini ya baraza usisogee, kiweke kilele chake sawa na ncha ya kuti la mnazi mmoja, kisha endelea na kazi yako kwa dakika 10 na urudi pale pale ulipokuwa umesimama. Usitazame ukubwa, tazama ukingo. Kama ukingo umechakaa, una nyuzinyuzi, unamomonyoka kama pamba inayovutwa na vidole, wingu hilo linakufa. Hewa kavu ya pembeni inalila. Kama ukingo ni mkali, una vichwa vichwa vya duara kama koliflawa, na kila ukitazama kichwa kipya kimechomoza juu ya cha zamani, hilo linachemka. Likiwa limeshapita ule mnazi wako na kuuacha chini, na saa bado ni nne au tano asubuhi, mchana wako si wa kuamini. Jua bado lina saa nyingi za kulilisha.

Pima pia urefu kwa upana. Rundo pana kuliko urefu wake ni pambo la mbingu. Rundo lililo refu kuliko upana wake, kama mnara, limepata njia ya kupanda. Minara miwili mitatu kabla ya adhuhuri ni neno zito.

Mnara ukiendelea unafika kwenye baridi. Kwetu karibu na Ikweta maji huanza kuganda kwenye kimo cha kilomita 5 hivi, na ndiyo maana Kilimanjaro yenye mita 5,895 ina barafu kileleni. Rundo kubwa linapita kimo hicho, linapanda hadi kilomita 15 na zaidi, ambako baridi inafika nyuzi 70 chini ya sifuri. Huko juu linagonga dari: hewa haipandi tena, wingu linatandazika pembeni na kilele kinakuwa bapa kama fuawe la mhunzi. Ukiona vile vichwa vikali vya koliflawa vimelainika, vimekuwa kama moshi au nywele zilizochanwa, kilele kimeshaganda. Hilo ni kumulonimbasi, na kati ya mawingu yote ndilo pekee lenye radi. Chembe za barafu hugongana na vijiwe vya theluji ndani yake, umeme unagawanyika juu na chini, kisha unatafuta njia.

Nimeyaona mengi nikiwa Mwanza. Ziwa Victoria lina tabia ya peke yake: mchana dhoruba husimama nchi kavu kuzunguka ziwa, na usiku huhamia majini, kwa sababu ardhi imepoa na maji bado yana joto, hewa ya pande zote inateremka kukutana katikati. Alfajiri nilikuwa nasimama juu ya kilima na daftari langu, naona fuawe limesimama juu ya ziwa, juu ni rangi ya waridi kwa jua ambalo sisi bado hatujaliona, chini ni giza tupu na umeme unawaka ndani kama mtu anayewasha na kuzima taa chumbani. Na chini ya giza lile nilikuwa naona taa za wavuvi wa dagaa, moja moja, zikirudi. Zile taa sijazisahau. Kwa mvuvi yule kujua wingu ni uhai wake.

Vilima vya Kericho na Nandi kule Kenya vinapata mvua ya mawe mara nyingi mno, inayochana majani ya chai, kwa sababu upepo wa ziwa unakutana na ule wa mashariki juu ya milima ile na marundo yanapanda kila alasiri. Na ndugu zetu wa Kivu, mashariki ya Kongo, wanaishi kati ya sehemu zenye radi nyingi kuliko karibu zote duniani. Vipimo vya setilaiti vimeiweka milima ile mbele kabisa pamoja na Ziwa Maracaibo la Venezuela.

Pemba haipati radi nyingi namna hiyo, lakini ninyi mnapanda mikarafuu, na hili nalisema kwa moyo wangu wote. Mtu aliye juu ya mti wenye urefu wa mita 10 au zaidi, wakati ngurumo inasikika, yuko mahali pabaya kuliko wote kijijini. Hesabu sekunde kati ya umeme na ngurumo. Kila sekunde tatu ni kilomita moja. Lakini usingoje hesabu iwe ndogo. Ngurumo kwa kawaida haisikiki mbali zaidi ya kilomita 15 hivi, na radi inaweza kuruka umbali huo huo kutoka kwenye wingu lake hadi mahali ambapo juu bado ni kweupe. Ukiisikia, umeshafikika. Wachumaji washuke, wasikae chini ya mti, waingie nyumbani, na wasipande tena mpaka ipite nusu saa tangu ngurumo ya mwisho. Karafuu ya kwenye konyo itangoja.

Dalili ya mwisho ya rundo ni ya ngozini. Mvua inaposhuka inaburuta hewa baridi ya juu, hewa ile inagonga ardhi na kutawanyika mbele ya wingu. Joto lilikuwa limekubana, ghafla upepo wa baridi unakupiga usoni kutoka upande wa wingu, makuti yanageuka, na harufu ya udongo uliolowa inafika kabla ya maji. Hapo mara nyingi una dakika 10, pengine 20, pengine chache zaidi. Upepo ule ukikupata, acha kutazama juu. Anua.

Sasa jamvi, ambalo ndilo lililokutia hasara, na ambalo watu hawalisemi kwa sababu halitishi.

Kwa hali ulivyoieleza, yumkini usiku wa kuamkia jana marundo makubwa yalipanda huko bahari kuu, mashariki ya Pemba. Marundo yakizeeka hayaondoki, yanalala. Vilele vyao vinatandazika, vinaungana, na pepo za juu, ambazo majira ya vuli aghalabu hutoka mashariki, zinavuta tandiko lile hadi juu yenu. Halina minara, halina ukingo wa kuutazama, halina weusi kwa sababu mwanga unalipenya sawasawa kote. Lakini lina unene wa kilomita kadhaa, na ndani yake chembe za barafu zinashuka polepole, zinayeyuka, zinakuwa mvua nyembamba isiyo na haraka. Usidhani ni jambo dogo: vipimo vya setilaiti vinaonyesha kwamba karibu asilimia 40 ya mvua yote ya nchi za joto hunyesha kwa namna hii ya tandiko, si kwa marundo yenye ngurumo.

Basi utalijuaje jamvi litakalonyesha na lile litakalopita? Hapa huhitaji kutazama juu hata kidogo. Nyoosha kiganja chako juu ya karafuu, kimo cha goti, utazame kivuli.

Kama kivuli kina vidole vitano vilivyochorwa wazi, ule weupe ulio juu ni utando wa barafu tu, kilomita 6 na zaidi kwenda juu. Pengine utaona na duara kubwa kuzunguka jua, au usiku kuzunguka mwezi. Endelea kuanika.

Kama kivuli kipo lakini vidole vimeungana, na jua unaliona kama sarafu nyuma ya kioo chenye ukungu, tandiko limeshuka na limenenepa. Hapo usitoke nyumbani. Angalia tena kila nusu saa.

Kama kiganja hakina kivuli kabisa, na ukiulizwa jua liko wapi huwezi kunyoosha kidole, anua. Ukiona na mavundevunde, vile vipande vya kijivu vilivyochanika, vinakimbia chini ya weupe ule, umeshachelewa kidogo. Hata mvua isipokuja hujapoteza kitu, kwa sababu siku isiyo na kivuli karafuu haikauki. Hapa ndipo jamvi linapotofautiana na rundo. Kuanua kwa ajili ya rundo ni bahati nasibu, unaweza kupoteza saa mbili za jua zuri. Kuanua kwa ajili ya jamvi hakukugharimu chochote ila nguvu za mikono.

Nimetaja duara la mwezi, nalo lina maneno yake. Utasikia watu waliosoma wakisema mwezi ukifanya duara, kesho mvua. Sentensi ile imetoka Ulaya, na kule ina maana. Mvua zao nyingi huja na hewa ya joto inayopanda taratibu juu ya hewa ya baridi, na utando wa juu wenye duara ni ukingo wa mbele wa mfumo mzima: kwanza utando, kisha jamvi, kisha mvua, kwa mpangilio. Sisi hatuishi chini ya mifumo ile. Kwetu utando wa juu mara nyingi ni mabaki ya dhoruba iliyokwisha mahali pengine, na kesho yake jua likawaka vizuri. Nimeona walimu wakiwafundisha watoto wa pwani kanuni ya Uingereza, watoto wanaikariri, wanapasi mtihani, kisha mbingu iliyo juu ya vichwa vyao inawakataa, nao wanaacha kuitazama. Hilo huniuma. Mbingu yetu inasomeka, ila kwa alfabeti yake.

Wakati mmoja tu utando wa juu kwetu ni neno la kuangaliwa: majira ya vimbunga, hasa Aprili na mwanzo wa Mei, ukiuona unafika kutoka upande wa kusini mashariki kwa michirizi inayotoka kama mahali pamoja, na bahari imeanza mawimbi marefu bila upepo. Vimbunga haviji kwetu kwa kawaida, kwa sababu karibu na Ikweta mzunguko wa dunia hauvipi nguvu ya kujizungusha, nanyi Pemba mko kwenye nyuzi 5 tu kusini. Lakini Mei 2024 Kimbunga Hidaya kilifika hadi Mafia. Na tarehe 15 Aprili 1872 kimbunga kiliipiga Unguja kikang'oa sehemu kubwa ya mikarafuu na minazi yake. Pemba ilisalimika, na tangu hapo Pemba ndiyo ikawa kisiwa cha karafuu. Majamvi yaliyo uani kwako leo yana historia yake katika wingu lile lililopita kusini yenu.

Kuna jamvi la tatu, la chini kabisa, ambalo ninyi hamlioni sana: lile la miezi ya Juni hadi Agosti katika nchi za juu. Kusi, yaani upepo wa kusini, linaleta hewa ya bahari, inapanda miinuko, inapoa, na tandiko la kijivu linakaa Lushoto, Njombe, Limuru na Nairobi wiki nzima. Mtu wa pwani akifika Nairobi mwezi wa Julai anashika mwavuli kutwa na anarudi nao mkavu. Ni jembamba, mita mia chache tu, na juu yake jua linawaka. Linatoa manyunyu, halitoi mvua. Mlimani likigusa ardhi linakuwa ukungu, na miti ya Usambara inalichuma maji kwa majani.

Milima ina mengine, kama lile wingu la kofia linalokaa juu ya Kilimanjaro au Meru, laini kama lenzi, lisilosogea hata upepo ukivuma. Linaonyesha upepo mkali wa juu, na lenyewe halina mvua.

Turudi Wete, maana jambo lililobaki ni saa. Miezi hii ya tangambili, kusi limekwisha na kaskazi halijashika, upepo ni mdogo na kisiwa kinajiendesha chenyewe. Mchana ardhi inapata joto, upepo wa bahari unaingia kutoka magharibi na kutoka mashariki, na kwa kuwa Pemba haina upana zaidi ya kilomita 22 hivi, pepo mbili zinakutana juu ya mgongo wa kisiwa. Hapo ndipo marundo yanapanda, kati ya saa saba na saa kumi. Kwa hiyo mchana tazama nyuma yako, upande wa ndani wa kisiwa, kuliko unavyotazama bahari. Watu wengi wanafanya kinyume. Usiku mambo yanageuka, mawingu yanakua baharini na mvua inaweza kukugonga alfajiri. Karafuu usizilaze nje hata nyota zikiwa zote.

Ukikaa wiki moja utaona siku zinafanana. Hewa ya vuli ikishajaa, marundo ya leo saa nane yatakuwa jirani sana na ya kesho saa nane. Mamlaka ya Hali ya Hewa hutoa utabiri wa kila siku, nao utumie usiku, unapoamua kama kesho ni siku ya kuchuma nyingi au kidogo. Kujua kama uwanja wako utalowa saa nane, simu haitakusaidia sana. Programu nyingi za simu zinagawa dunia kwa miraba ya kilomita 10 na zaidi, na rundo moja lina upana wa kilomita mbili tatu. Setilaiti ya Meteosat inapiga picha ya Afrika kila baada ya dakika chache, lakini inaona vilele. Kitako cha wingu na ukingo wake unaona wewe.

Kesho asubuhi, kabla hujatandika, tazama upepo unatikisa minazi kutoka upande gani, kisha chagua rundo lako la saa nne. Zile karafuu zilizolowa zitandike peke yake kwenye jamvi lake, nyembamba, uzigeuze mara kwa mara, usizichanganye na zilizokauka hata kama nafasi ni finyu. Saa saba nyoosha kiganja.